Joe Turner hakuwa peke yake

Miaka saba inayoiendesha tamthilia ya mwandishi wa Marekani August Wilson, Joe Turner's Come and Gone, haionyeshwi jukwaani hata dakika moja. Herald Loomis, shemasi, alikamatwa njiani bila kosa na Joe Turner, akatumikishwa miaka hiyo yote. Tunapokutana naye ni Agosti 1911, amekwisha kuachiwa. Anafika kwenye nyumba ya wapangaji mjini Pittsburgh akiwa na binti yake Zonia, akimtafuta mkewe. Joto lote lile, naye amevaa koti refu la sufu.

Historia iliyo nyuma yake ni ya kweli, na Wamarekani wengi hawakuisoma shuleni. Marekebisho ya 13 ya Katiba yao, ya mwaka 1865, yalifuta utumwa isipokuwa kama adhabu ya kosa la jinai. Majimbo ya Kusini yakapenya hapo hapo: mtu mweusi asiye na kazi akashtakiwa kwa uzururaji, akafungwa, kisha akakodishwa kwa mwenye mgodi au shamba. Alabama iliendelea na biashara hiyo hadi 1928. Mwaka 2018, huko Sugar Land, Texas, mafundi wakijenga shule walifukua mabaki ya watu 95 waliokufa katika kazi hizo.

Sasa, Wilson aliitendea haki historia hii? Kuna hoja nzito dhidi yake. Jina la Joe Turner limetoka katika wimbo wa zamani unaomhusu Joe Turney, ndugu wa gavana wa Tennessee. Katika tamthilia amekuwa kama jini: anatokea, anazoa watu, anatoweka. Lakini mfumo ule ulikuwa na hakimu, askari, karani, mkataba, na hazina ya jimbo iliyopokea fedha. Mtazamaji anaweza kutoka ukumbini anamchukia Turner, na serikali asiikumbuke kabisa. Hasara hiyo naiona, na siwezi kuifuta kwa kusema tu kwamba sanaa si historia, ingawa Ebrahim Hussein naye alituonya kwamba Kinjeketile wake si yule wa Majimaji hasa.

Hoja ya pili ni ya watazamaji. Tamthilia ilifika Broadway, eneo la kumbi kubwa za maigizo mjini New York, mwaka 1988, na Wilson mwenyewe alilalamika mwaka 1996 kwamba kati ya kumbi 66 za chama kikuu cha kumbi za maigizo Marekani, moja tu ilikuwa ya watu weusi. Ukiweka kidonda cha watu wako mbele ya wageni waliolipa kiingilio, maumivu yanaweza kuwa burudani.

Hapa ndipo ninaposimama upande wa Wilson. Hakuleta mjeledi wala mnyororo jukwaani; mtu aliyekuja kutazama mateso hapewi. Anachokiona ni Loomis akianguka sakafuni, akisimulia mifupa inayoinuka majini, anataka kusimama na miguu inakataa. Kumbukumbu za mahakama zinaweza kututajia aliyeidhinisha mkataba, na tuzidai. Zonia hayumo humo. Alikuwa mchanga baba yake alipochukuliwa, hakukamatwa na mtu. Ila mwishoni, baba anapomkabidhi kwa mama yake, mtoto huyu wa miaka 11 anamshikilia baba akimwahidi kwamba hatakua tena, hata mifupa yake haitakua, mradi asiachwe.