Wakazi wa Mombasa si wote wa kisiwani

Makala moja niliyoisoma, inayolalamikia msongamano wa Mombasa na kuulinganisha na hali ya Dodoma, inasema kwamba watu zaidi ya milioni moja "wamebanana katika kisiwa cha Mombasa", na wasomaji wa huku Dodoma ambao hawajafika huko wataiamini picha hiyo. Sensa ya Kenya ya mwaka 2019 ilihesabu watu 1,208,333 katika kaunti nzima, lakini Mvita, ambayo ndiyo kisiwa chenyewe, ilikuwa na watu 154,171 tu, yaani takriban mmoja kati ya wanane. Waliobaki wako bara: Kisauni na Nyali upande wa kaskazini, Changamwe na Jomvu magharibi, na Likoni kusini, ambayo peke yake ilikuwa na watu 250,358.

Kwa hiyo msongamano anaoulalamikia mwandishi hautokani na idadi ya wanaolala kisiwani, bali na kwamba ofisi, masoko na sehemu ya bandari ya Kilindini viko hapo, ilhali njia za kuingia ni chache mno, hasa daraja la Nyali, daraja la Makupa, na kivuko cha Likoni. Barabara ya Dongo Kundu imesaidia, kwani inaunganisha magharibi na kusini bila kupita kisiwani. Kulinganisha hali hiyo na Dodoma, kama makala inavyofanya, hakunishawishi hata kidogo. Jiji letu hupanuka kuelekea Nala, Ihumwa au Mtumba bila kuvuka mkono wowote wa bahari, na shida yetu kubwa ni maji ya kunywa.