Tangu lini bei ikaitwa mchango?

Kwenye simu yangu kuna orodha iliyopita mikononi mwa watu arobaini na kitu. Juu imeandikwa kwa herufi kubwa MATIBABU YA MAMA MDOGO, chini yake majina kwa namba, mbele ya kila jina kiasi, halafu tiki kwa aliyetoa au neno "ahadi" kwa ambaye bado. Kila anayetuma anaikopi, anaongeza jina lake, anaibandika tena kwenye grupu. Mweka hazina ni mimi. Kwa siku tisa nililala na simu mkononi nikisikilizia meseji za miamala: 5,000 kutoka Ifakara, 20,000 kutoka kwa binamu anayeendesha bodaboda Mbezi, 50,000 kutoka kwa shemeji aliyekuwa ameahidi laki. Tulikuwa tunatafuta 1,840,000.

Mama mdogo analima mpunga. Hana bima. Utumbo ulijisokota usiku, wakamkimbiza mjini, akapasuliwa alfajiri hiyohiyo, na daktari aliyempasua namwombea dua mpaka leo. Bili ikaja baadaye. Jumatatu aliandikiwa ruhusa ya kwenda nyumbani, lakini alitoka wodini Alhamisi ya wiki iliyofuata, maana mpaka dirisha la malipo liseme bili imeisha, ruhusa ile ni karatasi tu. Na kila siku aliyoendelea kukilalia kile kitanda, kitanda nacho kilihesabiwa.

Siku zile tisa nilipata muda mwingi wa kulifikiria neno moja: kuchangia.

Ni neno lenye heshima kwetu. Tunachangia harusi, tunachangia msiba. Msibani daftari linawekwa mezani, mwenye elfu mbili anaandikwa na mwenye elfu hamsini anaandikwa, na asiye na kitu anapasua kuni au anabeba ndoo za maji na hakuna anayemuuliza. Sijawahi kuona mtu akifukuzwa matangani kwa sababu hajachanga. Mchango unamtazama mtoaji kwanza: una nini wewe, na moyo wako unasemaje? Bei haimtazami mtu. Bei ni ileile kwa mkulima wa mpunga na kwa mkurugenzi.

Mwaka 1993 serikali ya Tanzania ilipoanza kutoza ada kwenye hospitali zake, ikianza na zile kubwa kisha kushuka hadi mikoani na wilayani, iliuita utaratibu huo kuchangia gharama. Hapo ndipo naona tulipotendewa vibaya hata kwa lugha. Kilicholetwa kilikuwa bei, kikavikwa jina la kitu tunachokipenda.

Sisemi kwamba kabla ya hapo tulikuwa peponi. Mama yangu anaikumbuka foleni ya duka la kaya, anakumbuka mche wa sabuni ukikatwa vipande ili majirani wagawane. Vita vya Kagera vya 1978 na 1979 vilikuwa vimekomba hazina, mafuta yamepanda, kahawa imeshuka bei, Jumuiya ya Afrika Mashariki imeshavunjika tangu 1977, na mashirika ya umma mengi yalikuwa yanakula kuliko yanavyozalisha. Mwalimu Nyerere alitutaka tufunge mikanda miezi 18. Miezi ikaisha, mikanda ikabaki. Alikataa masharti ya Shirika la Fedha la Kimataifa na kuuliza tangu lini shirika hilo limekuwa wizara ya fedha ya dunia nzima. Lilikuwa swali la haki, ila halikujaza maduka. Akang'atuka 1985, na Agosti 1986 serikali ya mrithi wake, Mzee Mwinyi, ikasaini makubaliano na shirika hilo. Shilingi iliyokuwa 17 kwa dola mwanzoni mwa mwaka huo ikashushwa hadi 40. Kufika 1990 ilikuwa karibu 195.

Ndipo ikaja ruksa, yaani biashara kufunguliwa. Sabuni ikarudi, mitumba ikamwagika, na mwaka 1991 hospitali binafsi za biashara, zilizokuwa zimepigwa marufuku tangu 1977, zikaruhusiwa tena. Mama yangu hakuililia foleni, na mimi siwezi kuililia kwa niaba yake. Duka kujaa sabuni ni jambo jema.

Ugomvi wangu na uliberali mamboleo, ile imani kwamba kila kitu kiendeshwe kama soko, hauko dukani. Uko pale ambapo mantiki ya sabuni ilichukuliwa na kupelekwa wodini. Sabuni unaweza kuchagua, ukaikopa, ukaikosa wiki moja na ukafulia majivu. Utumbo uliojisokota hauna wiki. Mgonjwa hapitii madirisha akilinganisha bei, wala hajui anauziwa nini mpaka aambiwe. Waliotuandikia sera walisema mtu akilipa kidogo ataithamini huduma na hataitumia ovyo. Nimekaa kwenye benchi za hospitali kiasi cha kutosha na bado sijamwona mtu anayepanga foleni ya kupasuliwa tumbo ovyo.

Tena ushahidi tunao wenyewe, upande wa shule. Mwaka 2001 ada ya shule ya msingi ilipofutwa, watoto walifurika. Ndani ya miaka michache waliongezeka kwa zaidi ya milioni moja, mpaka wakasoma wakiwa wamekaa sakafuni. Kumbe hawakuwa wavivu wa shule wala wazazi wao hawakuwa na ujinga wa kutothamini elimu. Kilichowazuia kilikuwa kile kiasi ambacho mtu wa ofisini anakiona kidogo. Na ada ya sekondari ilipoondolewa mwaka 2016 hadi kidato cha nne, lile neno letu lilibaki mlangoni: mchango wa mlinzi, mchango wa mtihani, mchango wa dawati. Januari 2018 Rais Magufuli akalazimika kupiga marufuku michango kwenye shule za serikali. Fikiria, kiongozi wa nchi anapiga marufuku neno la harusi na msiba.

Nitaambiwa kuna msamaha. Upo: watoto chini ya miaka mitano, wajawazito, wenye kifua kikuu na ukoma, wazee wa miaka 60 na kuendelea wasio na uwezo. Mama mdogo ana miaka 57. Basi tukaambiwa ipo njia ya asiyejiweza, twende ustawi wa jamii. Ustawi wa jamii wakataka barua ya mtendaji wa kijiji. Mtendaji yuko kilomita zaidi ya mia mbili, na barua yake inataka muhuri, na muhuri unataka mtu wa kuufuata. Mwanawe akapanda basi. Aliporudi na barua, iliyokunjwa mara nne kwenye mfuko wa shati, dada wa dirishani aliisoma kwa upole kabisa, akasema inathibitisha kwamba ni mkulima, haithibitishi kwamba hana uwezo.

Sikumkasirikia yule dada. Yeye ameajiriwa kukusanya, na hospitali yake inasubiri makusanyo hayo inunue dawa na glavu za kesho. Kilichoniuma ni kumwona mwanamke aliyelisha watu mchele maisha yake yote akitakiwa kuthibitisha umaskini wake kwa barua. Kulipa kunataka pesa. Kusamehewa nako kunataka nauli, mhuri na mtu anayejua kuongea ofisini.

Na wakati mwananchi anaelezwa kwamba serikali haina pesa, achangie, hebu tuangalie nani mwingine alikuwa anaelezwa nini. Sheria ya Madini ya 1998 iliweka mrabaha wa dhahabu, yaani sehemu ambayo mgodi unailipa serikali, kuwa asilimia 3. Mgodi wa Geita ukaanza kuzalisha mwaka 2000, Bulyanhulu 2001. Mpaka 2017 ndipo mrabaha ulipofikishwa asilimia 6 na serikali ikadai hisa zisizopungua asilimia 16 migodini. Kwa hiyo kulikuwa na miaka ambayo mwenye dhahabu alibembelezwa aje, na mwenye utumbo uliojisokota akaambiwa atoe kwanza. Yalikuwa maamuzi mawili ya falsafa ileile: mwekezaji apunguziwe mzigo asije akaondoka, mgonjwa aongezewe kwa kuwa hana pa kwenda. Hata pale mwekezaji aliposhindwa, kama kampuni ya City Water iliyokabidhiwa maji ya Dar es Salaam Agosti 2003 na kunyang'anywa mkataba Mei 2005, mzigo ulirudi kwetu.

Mambo ya tozo yalinifungua macho zaidi. Julai 2021 ilianza tozo kwenye miamala ya simu, kuanzia shilingi 10 hadi 10,000 kwa muamala, na kelele zilipozidi ikapunguzwa kwa asilimia 30. Tuliambiwa inajenga vituo vya afya na madarasa, na majengo kweli yalijengwa. Lakini tazama mzunguko wake ulivyokuwa. Ndugu wa Ifakara alikuwa akituma mchango wa matibabu kwa simu, anakatwa tozo ya kujenga kituo cha afya, halafu kwenye kituo hicho mgonjwa analipia, na ndugu wanachangishana tena kwa simu. Kodi nayo ni mchango, na kwangu ndiyo mchango wa kweli wa taifa, kwa kuwa mwenye kingi anaweza kutakiwa kutoa kingi na mwenye kidogo kidogo, kabla mtu hajaugua. Kumkata mtu anapotuma nauli ya mgonjwa ni kukusanya pale pale penye kidonda.

Bima nazo, zikiachwa kuwa za hiari, zinageuka soko. Toto Afya Kadi, bima ya watoto ya mfuko wa taifa wa bima ya afya, ilikuwa shilingi 50,400 kwa mwaka kwa mtoto, jambo zuri mno. Wazazi wengi wakawa wanaikata mtoto akishaugua, mfuko ukaelemewa, na Machi 2023 usajili wa mtoto mmoja mmoja ukasitishwa, wakatakiwa waje kwa kupitia shule au vifurushi vya familia. Siwalaumu wazazi, na hesabu za mfuko nazielewa. Hivyo ndivyo mambo yanavyokuwa kila mtu akiachwa apige hesabu zake peke yake.

Novemba 2023 Bunge lilipitisha Sheria ya Bima ya Afya kwa Wote. Naiunga mkono kwa moyo wangu wote, na nina sharti moja tu la kuipimia: fedha za wasio na uwezo zitoke kwenye kodi, na kadi imfikie mtu akiwa mzima, shambani kwake, bila kumtuma mwanawe kufuata muhuri.

Sisi tulifikisha kiasi. Orodha yetu ilikuwa na walimu wawili, nesi, fundi, watu wa Dar, na mmoja aliyeko Muscat ambaye alimalizia laki tatu zilizopungua. Usiku ule wa mwisho nilijiona nimeokoka, kisha nikaona aibu kwa kujiona hivyo, kwa sababu kitanda cha jirani kulikuwa na mama aliyeingia kabla yetu na alikuwa bado hajatoka.

Asubuhi tunakusanya mabeseni na kanga za mama mdogo, kijana wa yule mama alinifuata koridoni. Alikuwa amenisikia siku zote zile nikisoma majina kwa simu. Akaniomba, "Dada, nioneshe hiyo orodha inavyoanzishwa." Tukakaa kwenye ngazi. Nikamwonesha namna ya kuandika kichwa, kisha namba, kisha nafasi ya kiasi. Namba moja akaandika jina lake, 10,000. Namba mbili akaiandika, akafikiri, akainua macho kuangalia getini, akaniuliza kama inaweza kutumwa hivyohivyo ikiwa wazi.