Jina la kati likipotea, msiilaumu SQL sanifu

Leseni ya Oracle, programu ya kutunza hifadhidata, ikifika wakati wa kulipiwa upya, swali huwa lile lile katika ofisi za Dar es Salaam: kwa nini tusihamie PostgreSQL, programu nyingine ya aina hiyo, si zote ni SQL, lugha ile ile ya kuulizia data? Wanahama. Ripoti zinavunjika, na watu wa mifumo wanatoka na hukumu inayosikika kuanzia Posta hadi Kijitonyama: kiwango cha SQL ni makaratasi tu, kila muuzaji ana SQL yake. Bosi alikitarajia kiwango mno. Developa naye anakinyima hata stahili yake, na hilo la pili ndilo linalotugharimu.

Developa hakosi ushahidi. ANSI, shirika la viwango la Marekani, ilipopitisha SQL mwaka 1986, na ISO, la kimataifa, ikafuata 1987, Oracle ilikuwa sokoni tangu 1979. Kamati haikubuni lugha. Ilikusanya yale ambayo wauzaji walikuwa tayari kukubaliana, ndiyo maana toleo la kwanza halikuwa hata na ufunguo wa kigeni (foreign key), unaofunga jedwali moja na lingine. Huo ulisubiri hadi 1989. NIST, taasisi ya serikali ya Marekani, ilikuwa ikizipima bidhaa kama zinafuata kiwango, ikaacha katikati ya miaka ya 1990, na tangu hapo kila muuzaji anajipima kwa rula yake. Namna rasmi ya kuomba mistari 10 ya kwanza, FETCH FIRST 10 ROWS ONLY, ilikuja 2008, wakati vidole vya watu vimeshazoea LIMIT, TOP au ROWNUM za wauzaji wao. Na waraka wenyewe unauzwa, tena si kwa bei ya vitumbua.

Lakini sisi tunaoongea Kiswahili tungepaswa kulielewa jambo hili haraka kuliko wengine. Mkutano wa Mombasa wa 1928 uliichagua Kiunguja iwe msingi wa Kiswahili sanifu, Kimvita, lahaja ya Mombasa, ikaachwa pamoja na hazina yake yote ya mashairi. SQL nayo ilisanifiwa kutoka lahaja ya IBM, na QUEL, lugha shindani ya Chuo Kikuu cha Berkeley, ambayo wataalamu wengi waliiona imepangika vizuri zaidi, ikabaki pembeni. Postgres, mzazi wa PostgreSQL, yenyewe ilikuwa na lugha ya POSTQUEL mpaka Andrew Yu na Jolly Chen walipoitoa na kuweka SQL, kati ya 1994 na 1995. Hakuna aliyewalazimisha. Na Mmvita akishuka Ubungo haongei kama mtu wa Temeke, lakini hapotei njia.

Sasa tuitazame ajali moja kwa karibu, maana ndiyo inayotajwa sana baada ya kuhama. Jedwali la wateja lina safu tatu za majina, na risiti inayaunganisha hivi kwa alama ||:

jina || ' ' || jina_la_kati || ' ' || ukoo

Mteja Asha Kombo hana jina la kati. Kwenye Oracle risiti inatoka "Asha  Kombo", ikiwa na nafasi mbili katikati ambazo hakuna anayeziona. Kwenye PostgreSQL risiti inatoka bila jina lolote. NULL, yaani alama ya kwamba thamani haipo, ikiunganishwa na neno lolote huzaa NULL, kwa hiyo Asha naye anamezwa. Developa anasema PostgreSQL ina vituko. Kumbe PostgreSQL inafuata kiwango neno kwa neno; aliyetoka nje ya mstari ni Oracle, anayehesabu neno tupu na NULL kuwa kitu kimoja. Nyaraka za Oracle zenyewe zinaonya kwamba tabia hiyo huenda ikabadilika na kwamba mtumiaji asiitegemee. Ukihamia MySQL, programu nyingine ya hifadhidata, mambo ni mengine kabisa: alama || huko, bila kubadilisha mpangilio, maana yake ni "au", na risiti ya mteja mwenye majina yote matatu inaandika 0. Ukiwasha mpangilio wa PIPES_AS_CONCAT, MySQL inarudi kwenye kiwango.

Dawa ni COALESCE(jina_la_kati, ''), inayoweka neno tupu mahali pa NULL, nayo imo ndani ya kiwango tangu 1992. Ila usiishie hapo. Kama safu ya namba ya NIDA ina UNIQUE, sharti la kukataza thamani kujirudia, na wateja 300 hawana namba, Oracle iliwapokea wote kwa kuwa kwake tupu ni NULL. Ukiwapakia PostgreSQL kwa faili la CSV lenye "" ndani ya alama za kunukuu, hayo ni maneno tupu halisi, na tayari mteja wa pili anakataliwa kwa kurudia namba ya wa kwanza. Ondoa alama za kunukuu, COPY, amri ya PostgreSQL ya kupakia faili, itayasoma kuwa NULL na wote 300 watapita. Aliyejua kiwango kinasema nini kuhusu NULL angeyaona yote mawili kabla ya kuhama. Aliyejifunza "SQL ya Oracle" tu hakuwa na pa kuyaonea.

Kiwango kina uzito, ila kinavuta polepole. Kwa miaka mingi MySQL ilikubali uombe tawi, bidhaa na jumla ya mauzo huku ukipanga kwa GROUP BY tawi peke yake. Ikachomoa jina la bidhaa yoyote, na mwenye duka Kariakoo akaamini vitenge ndivyo vilivyouza milioni zote. Toleo la 5.7 likakataa mchezo huo. La 8.0, mwaka 2018, likaleta WITH, ya kulipa swali dogo jina ulitumie ndani ya kubwa, iliyokuwamo kwenye kiwango tangu 1999.

Pale ambapo lawama ni ya kiwango, tuseme. Ngazi za utengano wa miamala za 1992, yaani sheria za miamala inayoendeshwa kwa wakati mmoja isiingiliane, ziliandikwa kwa maneno legelege. Wakosoaji walilionyesha hilo 1995. SERIALIZABLE, ngazi kali kuliko zote, kwa Oracle inaruhusu miamala miwili isome salio la pamoja kwa wakati mmoja, kila mmoja utoe pesa kwenye akaunti tofauti, na jumla ivuke mpaka mliouweka. PostgreSQL, tangu 9.1, kwa neno hilo hilo inakatisha muamala mmoja na kukutaka uurudie. Mfumo wa saccos usioandikwa kurudia muamala utamwonyesha keshia kosa tu.

Kabla ya kuhama, endesha SELECT 7/2 pande zote mbili, Oracle ukiongeza FROM dual kama ni toleo la zamani. Oracle inajibu 3.5, PostgreSQL 3. Safu za NUMBER za faida ya wanachama zigeuzwe numeric, inayobeba desimali, zisigeuzwe integer, inayozikata.