Gari ya umeme: kabla ya betri, uliza funguo

Siku hizi ukikaa kijiwe chochote cha magari hapa Arusha, iwe Njiro, Sakina au pale Kijenge, ukigusia tu gari ya umeme maswali ni yale yale. Inaenda kilomita ngapi? Betri ikichoka je? Unachaji wapi na LUKU si itakumaliza? Wale wa Nissan Leaf ndo wameshakuwa maprofesa kabisa, wanajua betri ikiwa nzima inaonyesha vijiti 12 pale kwenye dashibodi na kila kijiti kikidondoka bei nayo inadondoka. Sawa, maswali ya maana hayo. Ila sijasikia mtu anauliza hii gari inafungwaje, funguo ziko ngapi, na nani mwingine huko duniani anaweza kuifungua akiwa amekaa kwake. Kwangu mimi hilo ndo swali la kwanza. Gari ya zamani ukiwa na ufunguo mkononi wewe ndo mwenye gari, basi. Hizi za sasa ufunguo unaweza kuwa simu, kadi, au akaunti ya mtu aliyeiuza miaka miwili iliyopita.

Tuanze na wezi wetu maana tunawajua. Mwizi wa hapa mara nyingi haondoki na gari zima, anaondoka na saiti mira, taa, kontrol boksi, na asubuhi unaambiwa kuna mtu anaziuza na ukienda kuangalia ni zako mwenyewe. Ndo maana karibu kila gari mjini imechorwa namba zake kwenye vioo na kwenye taa. Sasa naona watu wenye gari za umeme wanaona kuchora ni ushamba, eti gari ya kisasa inaharibika sura. Jamani. Taa ya gari ya umeme ni ghali kuliko ya IST na haipatikani kirahisi, sasa kwa nini mwizi aiache? Chora. Chora na ule waya wa kuchajia pia, kwasababu mle ndani ni kopa tupu na Marekani wezi wameshakata sana nyaya za vituo vya kuchajia wakauze kopa, hapa kwetu ambapo hata nyaya za TANESCO haziponi unategemea wako ukilala nje utapona? Kwa wenye Leaf, ile bunduki ya kuchajia kwenye kitufe cha kubonyeza huwa mara nyingi ina katundu kadogo, watu wanadhani ni urembo, kale ni ka kupitishia kufuli ili isichomoke. Kufuli dogo tu la dukani. Gari zinazotumia chaja ya aina ya Type 2, ile plagi ya Ulaya, zenyewe zina kipini ndani kinachoushika waya ukiwa umeloki milango, ila hiyo inamzuia mtu kuchomoa, haimzuii mwenye msumeno.

Haya, tuje kwenye hizi rimoti za kutembea nazo mfukoni, unasogea mlango unafunguka, unakanyaga breki unaondoka. Watu wanaipenda sana hii kitu na mi naielewa, mvua ya Aprili inapiga na mikono imejaa mizigo ya Kilombero nani anataka kupekua mfuko. Ila ijulikane inavyofanya kazi. Rimoti na gari vinaongea kwa mawimbi, gari linadhani rimoti ikijibu basi iko karibu. Wezi wa Ulaya wakaja na vifaa viwili, mmoja anasimama karibu na nyumba, mwingine kwenye mlango wa gari, mawimbi yanapokelewa huku yanarushwa kule na gari linaamini ufunguo upo hapo hapo kumbe upo mezani sebuleni. ADAC, chama cha wenye magari cha Ujerumani, wamepima mamia ya modeli kwa njia hii na nyingi mno zilifunguka na kuwaka. Simu nazo hazikupona, 2022 kampuni ya usalama ya NCC Group ilionyesha Tesla Model 3 inafunguliwa kwa mtindo huo huo kupitia Bluetooth wakati simu ya mwenye gari iko mbali. Kabla ya hapo, 2018, watafiti wa chuo kikuu cha KU Leuven Ubelgiji walikuwa wameshanakili rimoti ya Model S kwa sekunde chache. Alafu kuna hii ya Hyundai Ioniq 5 iliyoniudhi zaidi, zimeibiwa sana Uingereza kwa kifaa kinachofanana na Game Boy, kile kimashine cha zamani cha kuchezea gemu, na 2025 kampuni ikawaambia wenye magari walipe pauni 49 wafungiwe kinga. Yani loki imeshindwa kazi na unailipia tena!

Mtu ataniambia hayo ni ya Ulaya, machalii wa Unga Limited hawana hivyo vifaa. Kwa leo labda. Ila vifaa vinauzwa mtandaoni na gari zinazidi kuja, na nyumba zetu zilivyo gari linalala chini ya dirisha la chumba, ukuta wa fensi hatua chache, rimoti iko kwenye msumari nyuma ya mlango wa mbele. Hapo hata kifaa chenyewe hakihitaji nguvu. Weka rimoti kwenye kopo la chuma lenye mfuniko ili mawimbi yasitoke, alafu lijaribu, nenda nalo mpaka mlangoni kwa gari uone kama linafunguka, maana makopo mengine ni bure kabisa. Na gari ikiwa na ile ya namba ya siri kabla ya kuendesha, kama Tesla walivyoweka 2018, iwashe siku hiyo hiyo. Mi naona ndo kitu cha maana kuliko vyote kwenye hizi gari na ndo kitu ambacho watu wanakizima eti kinachelewesha.

Zile silaha zetu za kawaida nazo zinahitaji kufikiria upya. Gia loki huna pa kuifunga, gia ya Leaf ni kama kidonge kinachorudi katikati ukikiachia. Loki ya usukani inakaa vizuri tu, na mwizi anaiona kupitia kioo kabla hajaanza. Swichi ya siri ya kukata umeme ndo naomba tuwe makini, kuna mafundi wetu wazuri sana kwa Noah na Haisi lakini wakiona waya wanaukata kwanza ndo waulize. Gari ya umeme nyaya za rangi ya machungwa haziguswi na mtu ambaye hajasomea, kwenye Leaf betri ikijaa ile ni karibu volti 400, haikupi shoti ukasimulia. Swichi yoyote iwekwe upande wa volti 12. Na GPS ya kufuatilia gari pia inafungwa upande huo huo.

Na hapo sasa ndo penyewe, hiyo volti 12. Wengi hawajui kwamba gari ya umeme pamoja na libetri lake lote kubwa chini ya sakafu bado ina kale kabetri kadogo kama ka gari ya kawaida, na kenyewe ndo kanaendesha loki, taa, kompyuta, na ndo kanaloruhusu hata betri kubwa kuunganishwa. Kakifa, umekaa na betri kubwa imejaa asilimia mia na huwezi kufungua mlango. Unasafiri Dar wiki mbili tatu, GPS ya fundi inanyonya kidogo kidogo usiku na mchana, unarudi gari imekufa kimya. Kwenye Leaf hii ni usumbufu tu, ndani ya rimoti kuna ufunguo wa chuma, unauchomoa, mlango wa dereva una tundu, unaingia, unafungua boneti, unabusti kama gari yoyote. Tesla Model 3 haina tundu la ufunguo kabisa. Pale mbele kwenye bampa kuna kifuniko cha ndoano ya kuvutia, nyuma yake kuna nyaya mbili, unazipa volti 12 kutoka nje boneti ya mbele inafunguka, ndo uanzie hapo. Sasa fikiria uko Himo saa nne usiku unamweleza dereva toyo kwamba unaomba betri yake uibusti bampa.

Kuhusu vitasa vya umeme mi nina msimamo na sitaki kubembelezwa. Septemba 2025 mamlaka ya usalama barabarani ya Marekani, NHTSA, ilifungua uchunguzi wa Tesla Model Y za 2021 baada ya wazazi kulalamika wametoka nje, kabetri kadogo kameishiwa nguvu, milango imegoma na watoto wako ndani, wengine ikabidi wavunje vioo. China yenyewe inayotengeneza gari hizi kuliko wote imeshaamua kuanzia 2027 gari mpya lazima mlango ufunguke kwa mkono, nje na ndani. Mimi gari isiyo na tundu la ufunguo siinunui kwa matumizi ya huku, hata iwe nzuri vipi. Na ukiwa nayo tayari, kaa na mama watoto na watoto wenyewe uwaonyeshe kile kivuto cha dharura kiko wapi, maana kwenye baadhi ya gari milango ya nyuma kimefichwa na kwenye nyingine hakipo.

Tukija kwenye akaunti, hapa ndo watu wamelala fofofo. 2016 mtaalamu mmoja wa usalama wa mitandao wa Australia, Troy Hunt, alionyesha kwamba apu ya Nissan Leaf ilikuwa haiulizi nywila, ukiwa na namba ya chesisi tu unawasha kiyoyozi cha gari ya mtu aliye Uingereza na unaona safari zake. Namba ya chesisi si inaonekana pale chini ya kioo cha mbele? Nissan wakaizima apu kwa muda. Ukasema labda wamejifunza, 2024 watafiti wakaonyesha gari za Kia zinaweza kufunguliwa kwa kujua namba ya pleti tu, kabla Kia hawajaziba hilo tundu. Leaf nyingi tunazoletewa toka Japan hili haliwahusu sana kwasababu ule mfumo ulitegemea mtandao wa simu wa kwao, ukifika huku umekufa. Hiyo ni bahati yetu na mi sitaki mtu aje kunifufulia. Ila hizi mpya za Mchina na za Mkorea zinazoanza kuingia zenye intaneti yake, ukinunua mkononi mwa mtu bila yeye kuiondoa gari kwenye akaunti yake mbele yako, umenunua viti. Anaweza kuona imelala wapi na kuifungua.

Na hata akaunti ikiwa yako, usiitegemee. Novemba 2021 sava za Tesla ziligoma na wenye magari waliozoea kufungua kwa apu ya simu peke yake wakakwama nje ya gari zao sehemu mbalimbali duniani. Sisi huku Mei 2024 nyaya za baharini zilikatika intaneti ikawa inasuasua, na Oktoba 2025 wakati wa uchaguzi ikazimwa nchi nzima. Bluetooth kati ya simu na gari haihitaji intaneti, hiyo ingeendelea kukufungulia, ila ile ya kumfungulia mtu gari ukiwa wewe uko Moshi na gari iko Arusha, siku zile usingeipata. Kadi ya kufungulia gari ikae kwenye waleti siku zote, sio kwenye droo ya gari, tafadhali.

Kuna jambo ambalo waliotengeneza hizi gari hawakulifikiria kabisa, nalo ni kwamba sisi gari yetu inashikwa na watu wengi. Kijana wa kuosha, fundi, shemeji anayeomba aende msibani Machame, mlinzi anayeisogeza ili la bosi mwingine litoke. Huwezi kumpa kila mtu simu yako. Mpe kadi, na kama gari ina hali ya kuzuia mwendo na kuficha mambo yako ya ndani iwashe kabla hujakabidhi. Na mlinzi mfundishe, kwa sababu mlinzi wetu kazoea sauti. Usiku injini ikiwaka anaamka, hata kama alikuwa amejifunika blanketi lake na baridi ya Julai. Gari ya umeme inatoka getini kimya, Leaf ina kijisauti cha kuwatahadharisha waenda kwa miguu na baadhi za zamani zina swichi ya kukizima kabisa. Nilimweleza mlinzi wa jirani akacheka, "Mzee, kwahiyo nisikilize geti, sio gari?" Ndiyo, asikilize geti, na geti liwe na kufuli la maana. Kamera za kulinda kama ile Sentry ya Tesla zipo ila zinakula chaji na betri ikishuka chini ya asilimia 20 zinajizima, na kamera haijawahi kumfukuza mtu.

Kwahiyo ukienda kuangalia gari ya umeme ya mkononi, waulize funguo ziko ngapi. Nissan kawaida inakubali kusajili mpaka nne kwa gari moja, na hujui ya tatu iko kwa nani, mwambie fundi mwenye mashine azifute zote alafu asajili zile zilizopo mkononi mwako tu. Na dalali akikwambia ufunguo uko mmoja, mwingine ulipotelea bandarini, mwombe atoe kile cha chuma ndani ya rimoti akufungulie mlango wa dereva nacho hapo hapo, maana matundu mengine hayajaguswa tangu gari itoke kiwandani na yameshaganda, alafu ndo mwanze kuongea bei.