Wana Kawekamo kwenye ukingo wa Danube

Mjomba wangu wa Mwanza ana imani moja ambayo hakuna aliyewahi kuitikisa: Ulaya timu hazifi. Kila nikimpigia simu, tukishamaliza shikamoo, marahaba na habari za wagonjwa, tunafika hapo hapo. "Ninyi huko mna mifumo," ananiambia, utadhani mimi ndiye niliyeileta. Nimechoka kubishana naye kwa vocha, acha niandike.

Nilikuja Serbia mwaka 2013 kusoma Belgrade, kwa ule ufadhili ambao nchi hii bado inawapa vijana wa mataifa yasiyofungamana na upande wowote, urithi wa enzi za Tito wa Yugoslavia na Mwalimu. Masomo yakaisha, kazi ikapatikana, nikahamia Smederevo, chini ya saa moja kwa basi. Ni mji mdogo kando ya mto Danube, una ngome ya karne ya 15 yenye minara 25, zabibu nyingi, na kiwanda cha chuma. Ukitaka kuujua mji huu, ngome waachie watalii. Uliza habari za kiwanda, halafu uliza habari za mpira. Utajibiwa hadithi moja.

Kampuni ya chuma iliitwa Sartid, ilianzishwa 1913. Mwaka 1924 ikazaa timu ya mpira, nayo ikaitwa Sartid. Hata uwanja wanauita kwa kiwanda: uwanja wa kando ya Kiwanda cha Chuma cha Zamani. Baada ya Vita Kuu ya Pili timu ikapewa majina mengine, na miaka ya 1990, Yugoslavia ilipovunjika, jina la Sartid likarudi. Mtu wa Tanzania haelezwi mara mbili jambo hili. Tumekua na Reli ya Morogoro, Sigara, Mtibwa Sugar, Kagera Sugar. Kiwanda kina timu kama kilivyo na kantini na zahanati.

Na kama kwetu, hapa kuna wakubwa wawili waliokalia kila kitu. Nenda kijiji chochote cha Serbia, ukutani utakuta rangi za Zvezda au za Partizan, zote timu za Belgrade. Watu wa Smederevo wenyewe, waliozaliwa hatua chache kutoka uwanjani kwao, wengi ni wa Zvezda kwanza, wa Smederevo baadaye. Tangu 1992 ubingwa haujawahi kutoka kwa wawili hao isipokuwa mara moja, 1998, ulipochukuliwa na Obilić, ambayo nayo ni ya Belgrade. Kwetu baada ya Mtibwa kutwaa ubingwa 1999 na 2000, Simba na Yanga wamepokezana mpaka leo, Azam akichomoza peke yake 2014. Mjomba anasema Kariakoo, yaani Simba na Yanga, imeua mpira wa mikoani. Ningempeleka Smederevo asikilize wazee wa hapa wanavyoilaumu Belgrade, angedhani wamemkariri.

Kwa hiyo elewa maana ya fainali ya Kombe la taifa ya 2003. Sartid dhidi ya Zvezda, dakika 90 bila bao, muda wa nyongeza, Sartid moja, Zvezda bila. Jirani yangu, mzee aliyestaafu kazi ya tanuru, hunisimulia mechi hiyo kwa mikono, kikombe cha kahawa kikiwa ndiyo mpira na kisahani kikiwa goli. Msimu huo huo walikuwa wamekwenda Uingereza kucheza na Ipswich kwenye Kombe la UEFA, wakatoa sare ya 1-1, wakaja kufungwa 1-0 nyumbani. Nyumbani kwenyewe ni uwanja wa kupakia watu zaidi ya 17,000, katika mji wa watu kama 60,000 hivi.

Ila sehemu ambayo mzee huipitia haraka ni hii: timu ikibeba Kombe, kampuni iliyoizaa ilikuwa imeshafilisika. Mwaka huo huo wa 2003 kiwanda kikanunuliwa na Wamarekani, U.S. Steel, na mwaka uliofuata jina la Sartid likafutika kwenye jezi, timu ikawa Smederevo tu. Mwanzoni mwa 2012 Wamarekani wakaondoka, wakaiuzia serikali kiwanda kizima kwa dola moja. Dola moja, mjomba. Kwenye msimu wa 2012/13 timu ikashuka daraja. Nilifika nchini miezi michache baadaye, na tangu hapo haijarudi Ligi Kuu. Kiwanda kilipata wenyewe wengine 2016, Wachina wa Hesteel, kwa euro milioni 46, na tanuru zinafuka moshi kama kawaida. Mpira haukufufuka na moshi. Siku hizi timu inajiita Smederevo 1924, nadhani ili mtu asisahau ina umri gani.

Sasa weka hapo Pamba, timu ya Mwanza iliyobeba jina la zao lenyewe. TP Lindanda, Wana Kawekamo, timu iliyokuwa ikiwatoa jasho Simba na Yanga pale uwanja wa Kirumba. Zao likayumba, viwanda vya kuchambua pamba vikafungwa kimoja kimoja, na 2001 timu ikashuka. Ilirudi 2024, baada ya miaka 23, ikiwa chini ya halmashauri ya jiji, na jina limeongezwa Jiji. Kocha aliyeanza nayo Ligi Kuu? Mserbia, Goran Kopunović, yule aliyewapa Simba Kombe la Mapinduzi 2015. Hakufika Krismasi. Nilicheka siku nzima kazini, na kila aliyeniuliza kulikoni nilishindwa kumweleza.

Basi mjomba anapouliza kwa nini timu ya Smederevo iliyoanguka bado inaonekana hai, ina watoto wa miaka minane wanaofanya mazoezi jioni, ina waamuzi, ina ratiba inayofuatwa, mimi siungi mkono hilo jibu la mifumo. Viongozi wa mpira hapa wanalalamikiwa kila siku kwenye mabaa, kwa maneno ambayo siwezi kuyaandika. Jibu langu ni safari ya basi. Serbia nzima inaingia ndani ya Tanzania zaidi ya mara kumi. Chini ya madaraja mawili ya juu wameigawa nchi makundi manne ya kanda, kisha makundi madogo zaidi, hadi ligi za wilaya. Timu ikishuka, inatua kwenye ngazi iliyo karibu na kwao. Wachezaji wanaondoka asubuhi, jioni wanakula kwa mama zao. Sasa ishushe timu ya Mwanza, uiambie iende Mtwara ikacheze, irudi, iende Songea. Fedha inaishia kwenye mafuta na nyumba za wageni kabla mtu hajanunua jozi moja ya njumu. Hapo hata Mjerumani angeshindwa.

Kuna jambo moja ambalo nawaonea wivu, nalo halihitaji hela. Hapa kila mtu anajua 1924. Waulize watu watano pale soko la samaki Mwaloni Pamba ilianza lini, utapata miaka mitano na ugomvi mmoja. Wachezaji waliotupa raha wanazeeka mitaani, na hakuna anayekaa nao na daftari.

Lakini kwenye majukwaa, mjomba, hapa ni msiba. Siku ya mechi tunakuwa mia chache kwenye uwanja wa elfu kumi na saba. Wazee wanakaa wameachana viti vitatu vitatu, wanatafuna mbegu za alizeti na kutema maganda, anayekosea pasi anatukanwa kwa sauti ya chini kama vile tuko kanisani. Vijana wameondoka, wako Ujerumani na Austria. Ngoma hakuna, tarumbeta hakuna, mama wa karanga hakuna. Mara ya kwanza nilishangilia bao kama mtu wa Kirumba, nikageukiwa na jukwaa zima.

Siku moja mjomba alinitumia sauti kutoka uwanjani, Pamba Jiji wakicheza na Simba. Kelele tupu, ngoma, mtu anapiga filimbi karibu na simu. Nilikuwa kwenye kiti changu cha siku zote, mzee wa tanuru pembeni. Akaacha kutafuna, akainamisha sikio, akaniuliza ni timu gani hiyo. Nikamwambia ya kwetu, Pamba.

"Ya kiwanda gani?" akauliza.