Miss wa 1999 ambaye mamdogo hakumjua

Mamdogo wangu hana habari na mambo ya umiss. Kwake, binti kupita jukwaani na vazi la ufukweni maana yake kakosa wa kumkanya, basi. Ila kipindi cha runinga cha Hoyce Temu, "Mimi na Tanzania" cha Channel Ten, kikianza, aliweka pasi kando (ya mkaa, ya umeme anaiogopea luku) na kuvuta kigoda. Siku moja nikamwambia, "Mamdogo, huyu si ndiye Miss Tanzania wa 1999?" Akanitazama kama nimemtukania ndugu. "Hoyce? Acha uongo wako."

Hapo ndipo nilipoanza kumheshimu Hoyce Temu. Kuna warembo ambao taji huwatangulia kila waendako. Wema Sepetu wa 2006, kwa mfano, kamera ilimfuata yeye na maisha yake, tukaburudika, simlaumu. Hoyce aligeuza kamera ikawatazama wagonjwa na mafukara, hadi mtu kama mamdogo akamjua kwa kazi bila kujua kama aliwahi kuvishwa taji.

Na taji la enzi zile lilikuwa na maneno. Mashindano yalipigwa marufuku tangu miaka ya 1960, yakarudi 1994 Aina Maeda aliposhinda. Miaka mitano baadaye, Hoyce aliposhinda, bado ukiitwa miss kila kibaraza kina lake la kusema juu yako.

Nina langu moyoni lakini. Vipindi vya namna ile humtaka mgonjwa aseme yote: aonyeshe uvimbe, aeleze mume alivyomkimbia na kodi ya chumba anayodaiwa, ndipo watu waguswe wachange. Silipendi hilo hadi leo. Kwa nini mtu aanike siri zake nchi nzima ndipo apate matibabu? Kosa si la mtangazaji, najua; hospitali ingekuwa inamtibu asiye na kitu, kipindi kisingekuwa na wageni. Hata hivyo nilikuwa najikuta natazama pembeni. Kilichonirudisha ni namna Hoyce alivyojua kunyamaza. Anauliza, kisha anamwacha mama wa watu atafute maneno yake. Wengi wetu tukishika maiki tunamalizia wenzetu sentensi.

Baadaye akafanya kazi ya mawasiliano Umoja wa Mataifa hapa nchini, na 2021 Rais Samia akamteua balozi, akaenda kuwa naibu mwakilishi wa kudumu kule Geneva. Kijiweni nikasikia mtu anasema, "Urembo umemlipa." Urembo upi, wa miaka 22 iliyopita?

Nikampigia mamdogo kumpa habari.

"Geneva ndiyo wapi?"

"Uswisi, mamdogo."

Akakaa kimya kidogo. "Sasa wale wagonjwa atawaendea nani?"