Parachichi lavuka bahari, chungwa lakwama mpakani

Naishi Venlo, Uholanzi, na Ujerumani iko pale ng'ambo. Mafuta ya gari na sabuni ni nafuu upande ule, kwa hivyo wengi wetu twavuka kununua na kurudi na buti limejaa. Hakuna anayeuliza stakabadhi wala sabuni imetengenezwa wapi. Jumamosi iliyopita lori la vitunguu lilikuwa mbele yangu kwenye mpaka. Halikupunguza hata mwendo. Nikapandwa na hasira, na hasira yenyewe ilikuwa ya nyumbani.

Khalati yangu auza machungwa katika soko la Kongowea, Mombasa. Yatoka Muheza, mkoa wa Tanga, Tanzania. Kutoka Tanga hadi Mombasa hazifiki kilomita 200, na Umoja wa Forodha wa Afrika Mashariki ulianza tarehe 1 Januari 2005. Mzigo mdogo usiozidi thamani ya dola 2,000, ukiwa kwenye orodha iliyokubaliwa, wahitaji cheti chepesi tu cha uasili, cha kuonyesha mali yatoka nchi gani, na chatolewa pale pale mpakani. Hiyo ndiyo sheria. Lakini mpakani chungwa hukwama, na yaliyobaki mwayajua. Mwajua kwa nini kina mama hupita njia za panya na mzigo ambao ni halali kabisa.

Najua kuna atakayesema: umekaa baridini miaka michache, sasa watufunza. Siwafunzi, ndugu zangu. Katika jambo hili sisi ndio tuliotangulia! Kenya na Uganda ziliunganisha forodha mwaka 1917, Tanganyika ikaingia kikamilifu 1927. Mkataba wa Roma wa hawa Wazungu, uliozaa umoja wao wa kiuchumi, ni wa 1957. Kweli, yetu ilipangwa na Mwingereza kwa faida yake, lakini baada ya uhuru tulikuwa bado na reli moja, posta moja na ndege zetu wenyewe. Mwaka 1968 wenzetu walimaliza kuondoa ushuru baina yao. Sisi 1977 tukaivunja Jumuiya ya Afrika Mashariki ya kwanza, na mpaka wa Kenya na Tanzania ukafungwa hadi 1983.

Mwingine ataniambia mipaka ya Ulaya imerudi. Ni kweli, Ujerumani ilirudisha ukaguzi kwenye mipaka yake yote ya nchi kavu Septemba 2024, na mimi na sura yangu hii nimesimamishwa. Jambo hilo laniudhi, silitetei. Lakini walitaka pasipoti. Bidhaa hawakuzigusa.

Kwetu ni bidhaa ndiyo inayoadhibiwa. Oktoba 2017 Tanzania ilichoma vifaranga 6,400 vilivyotoka Kenya. Machi 2021 Kenya ikazuia mahindi ya Tanzania na Uganda kwa sababu ya sumukuvu, kisha baada ya siku chache ikalegeza kwa masharti. Sumukuvu yaua, na mahindi yapimwe. Ninachokataa ni nchi nzima kufungiwa soko kwa barua moja, na malori yako njiani. Julai 2025 Tanzania nayo ikawapiga marufuku wageni, Wakenya wakiwemo, kufanya biashara ndogo kama saluni na kutengeneza simu. Na Soko la Pamoja la Jumuiya ya sasa, la kuturuhusu kufanya kazi na biashara kwa jirani, lilianza 2010! Ndugu zangu wa Tanga mtasema Kenya ndiyo hufaidi zaidi. Hofu hiyo ni ya zamani, ilichangia kuvunja Jumuiya ya kwanza, na sisi Wakenya tumezoea kuipuuza. Tusiipuuze. Lakini anayeumia na marufuku hizi si mwenye kiwanda wa Nairobi.

Huku madukani naona parachichi za Kenya, na najivunia kila nikiziona. Mkataba wa Kenya na Umoja wa Ulaya watumika tangu tarehe 1 Julai 2024, na chini yake zaendelea kuingia bila ushuru. Tumeweza kukubaliana na Brussels kabla ya kukubaliana na jirani!

Tofauti ninayoiona ni adhabu. Ulaya, serikali ikikiuka, Tume yao yaishtaki na mahakama yaweza kuitoza faini. Kwetu Mahakama ya Afrika Mashariki iko Arusha, na mkazi yeyote aweza kushtaki, ila ndani ya miezi miwili. Muuza machungwa gani ataacha mzigo uoze akatafute wakili Arusha? Mkataba wampa Katibu Mkuu wa Jumuiya njia ya kuifikisha serikali mahakamani, Baraza la Mawaziri likiridhia. Mawaziri hao ni wa serikali zile zile zilizotia saini. Waridhie.